Sakafu ya Juu ya Chumba Chako

Mwanangu Idrisa,

Salamu tulipeana asubuhi, na kesho tutapeana nyingine bandarini mbele ya watu, kwa hiyo karatasi hii sitaijaza salamu. Mambo ya safari mama yako keshakwambia yote: fulana ya kulowesha, chupa ya maji, upande wa kukaa kwenye basi ili jua lisikupate. Mjomba wako Abeid naye kayasikia kwa simu mpaka kachoka. Mimi sina la kuongeza hapo.

Nimepanda juu ya paa, nimekaa upande wa ngazi ambao bado umeshika. Jua limeanza kupoa. Nawasikia wewe na mama yako huko chini mnafunga mzigo, yeye anasema kila kitu mara mbili na wewe unakaza kamba. Sakafu hii niliyoikalia kesho nitaivunja. Nataka nikueleze ilivyokuja kuwepo, maana juzi ulinambia neno nikashindwa kulijibu.

Ulisema, "Baba, nyumba hii imeanguka kwa ajili yangu."

Ukaondoka kabla sijafungua mdomo. Nimelitafuta jibu tangu siku ile, na sina uhakika kwamba nimelipata, lakini kesho unaondoka.

Inabidi nianze na kaka yako Yunus. Wewe unamjua kwa jina tu, siku tunapomsomea hitima. Alizaliwa bila nywele, na meno yake yalichelewa kuota, yakaja mawili tu, yenye ncha kama ya paka. Watu walicheka, wengine walinong'ona. Sisi tulimwona mzuri. Kaskazi ilipoingia na joto lake akashikwa na homa. Tukampa dawa ya malaria, homa ikapanda. Bibi yako, mama yangu, Mungu amrehemu, akasema mtoto afunikwe atoke jasho, jasho likitoka homa itashuka. Ndivyo alivyotulea sisi sote na sote tulikua. Basi nikaleta blanketi. Mimi ndiye niliyelikunja vizuri pembeni, mimi ndiye niliyefunga madirisha ili upepo usimpige. Nilimpakata mchana kutwa nikingoja jasho. Nampapasa shingoni, nampapasa kwapani, mkono unatoka mkavu. Alasiri ilipoadhiniwa alikuwa keshakufa mikononi mwangu, bado mkavu, bado wa moto.

Ulipozaliwa wewe, na kichwa chako kile kile kisicho na nywele, mama yako alikutazama wewe kisha akanitazama mimi.

Kaskazi yako ya kwanza homa ikaja kama tulivyojua itakuja. Safari hii sikukufunika. Nilikukimbiza hospitali ukiwa uchi, na watu njiani wananipigia kelele kwamba ninamuua mtoto kwa upepo. Daktari alikuwa mwanamke mgeni, Kiswahili chake cha kuokoteza. Alikutazama ngozi kwa kioo cha kukuzia, akakufunua mdomo, kisha akamuuliza mama yako kama ana ndugu wa kiume waliokufa wadogo.

"Wawili," mama yako akasema. "Kapona Abeid peke yake. Tuliambiwa ni shetani wa ukoo."

"Si shetani. Mtoto huyu hana matundu ya jasho. Hana homa. Ana joto, na joto lake halina pa kutokea. Mkimfunika atakufa."

Mama yako alinishika mkono. Sote wawili tulikuwa tunaliona blanketi.

"Dawa yake nini?" nikauliza.

"Hakuna. Mwekeni penye baridi."

"Unguja hii? Baridi iko wapi?"

Akaenda kwa mgonjwa mwengine.

Unakijua chumba chetu cha juu jinsi kilivyokuwa kwa sababu umesimuliwa, lakini mwili wako umesahau, na nashukuru. Juu yake ni paa hili la sakafu, chokaa na mawe juu ya boriti za mikoko. Paa likila jua mchana kutwa, usiku linatapika. Tulikuwa tunakulaza ndani ya beseni la maji, mama yako amekushika kichwa, mimi nnapepea. Feni ilikuwa inatupulizia moto ule ule kutoka ukuta huu hadi ukuta ule, na umeme ukikatika hata hiyo haipo. Mchana tulikushusha kwa Bi Rukia. Wewe unamjua kama bibi yako, lakini wakati ule alikuwa jirani wa chini tu, mama mkali ambaye babu yake ndiye aliyeijenga nyumba hii, na baada ya nyumba kutaifishwa akawa mpangaji wa serikali kama sisi, katika chumba alichozaliwa. Kwake kuta ni nene, kuna ubaridi kidogo. Akakupokea. Lakini kifua chake kibovu, usiku alihitaji kulala, na mtoto mwenye joto halali wala halazi mtu. Jioni nakupandisha tena kwenye tanuri.

Kila Kaskazi nilikuwa naamka asubuhi nakuwekea mkono kifuani kabla sijafumbua macho vizuri. Mara ngapi nimefanya hivyo sijui. Mtu akikaa na hofu namna ile miaka, anakuwa si mtu wa kusikiliza tena. Hilo likumbuke utakapofika kwenye sehemu ya makosa yangu.

Ulikuwa hujaanza skuli bado nilipopata kazi ya uashi Matemwe, kwenye hoteli iliyokuwa ikijengwa. Ujenzi ukafika kwenye chumba cha baridi cha kuwekea samaki na nyama. Mimi nilidhani baridi inaletwa na mashine tu. Msimamizi wetu, Mzee Pius, mtu wa Tanga, akatupangisha chini vibao vya povu gumu, vyeupe, vinene kama upana wa kiganja, vyepesi mpaka mtu anaona haya kuvibeba kwa mikono miwili. Juu ya vibao tukatandika nailoni, na juu ya nailoni tukamwaga tabaka la saruji na mchanga, tukalilainisha.

Nikamuuliza, "Mzee, kwa nini tunazuia chini na jua liko juu?"

"Baridi isikimbilie ardhini, na joto la ardhi lisipande. Povu hili halipitishi."

"Na likiwekwa juu ya paa?"

"Kwani joto linajua juu na chini, Suleiman?"

Niliuweka mwiko chini. Nikatoka nje nikasimama juani. Wenzangu walidhani nimeugua.

Vipande vilivyobaki na vilivyovunjika pembe vilikuwa vichomwe. Nikaviomba, Mzee Pius akanipa, na dereva wa lori la mchanga akanibebea hadi mjini. Nilipovipandisha hapa juu upepo ukanyakua kimoja, kikaruka ukingo wa paa, kikatua uani kwa Bi Rukia. Nikamsikia: "Suleiman! Nini hiki? Sponji wanaloogea majini?" Nikashuka kumweleza. Alinisikiliza mpaka mwisho, kakishika kile kibao anakigeuza.

"Na juu yake utaweka saruji."

"Naam, Bi Rukia. Povu peke yake litaliwa na jua na kupeperushwa na upepo. Lazima lilaliwe na kitu kizito."

"Boriti za babu yangu umeziangalia?"

"Nshaziangalia."

"Vichwa vyake? Vilivyozama ukutani?"

"Nshaviangalia, Bi Rukia."

Sikuwa nimeviangalia. Nilizigonga za katikati kwa nyundo, zikalia vizuri, nikaridhika. Vichwa vya ukutani, ndiko boriti inakoanzia kuoza, na kila fundi wa Mji Mkongwe anajua. Kuviona ilikuwa nibomoe ukuta kidogo pande zote mbili. Niliogopa nitakachokiona.

Mara ya kwanza niliharibu kazi kwa haraka. Paa la zamani halikuwa sawa, lina mabonde, nami nikavipanga vibao juu yake hivyo hivyo. Vikawa vinacheza. Saruji nikaimwaga nyembamba ili isiwe nzito, bila wavu wa waya ndani yake, na nikaikaza mpaka ukutani bila kuacha nafasi ya kutanuka. Jua liliipiga ikapasuka kama udongo wa kinamasi kilichokauka. Vuli ikaja, maji yakapita kwenye mipasuko, yakakaa chini ya povu, yakaanza kudondoka juu ya kitanda chako. Mama yako akaweka sufuria. Hakunilaumu. Alilia tu huku akiweka sufuria, na afadhali angenitukana.

Nikaing'oa yote. Nikarudi Matemwe kumwona Mzee Pius, naye akanieleza taratibu, akichora mchangani: sawazisha kwanza, panga vibao viungo visikutane, ziba viungo, tandika nailoni, weka wavu, mwaga saruji nene ya kutosha yenye mteremko wa kupeleka maji kwenye mlizamu, na pembeni kote acha ufa ujazwe kwa vipande vya povu, saruji ipate pa kutanukia. Mwisho akanambia, "Na chini pakauke kwanza. Pakauke kabisa. Ukifunga nailoni juu ya kitu kibichi, umefunga maji ndani."

Niliyafanya yote isipokuwa hilo la mwisho.

Nilikuwa nimekusudia kungoja. Paa la chokaa lilikuwa limekunywa maji ya Vuli, ukilibonyeza linaacha alama ya kidole. Lilihitaji wiki nyingi za jua. Lakini jua lililokuwa likilikausha paa ndilo lililokuwa likikuua wewe. Kaskazi ilikuwa imeshaingia. Siku moja adhuhuri Bi Rukia hayuko, kaenda kuzika Chwaka, mlango wake umefungwa, na wewe uko juu na mama yako. Ukapata degedege. Macho yamegeuka, meno yako machache yamekazana, mkono wako unagonga gonga sakafuni. Tulikumwagia maji mpaka mtungi ukaisha. Ulipotulia sikukaa hata kukutazama. Nilipanda hapa juu nikaanza kupanga vibao.

Nilimaliza sakafu, nikaipigia niru, ule uji wa saruji wa kulainishia, nikaimwagilia ikomae. Ilikuwa kazi nzuri, Idrisa. Sijawahi kufanya kazi nzuri kama ile, kabla wala baadaye. Ilipokauka, mchana wa jua kali mama yako alipanda juu ya meza chumbani akaweka kiganja kwenye dari. Zamani ukigusa pale ni kama kugusa birika. Akakaa ameweka mkono tu.

"Suleiman," akasema, "njoo uguse."

Nikapanda mezani nikagusa. Haikuwa baridi, baridi Unguja haipo, lakini haikuwa moto. Wewe ulikuwa umelala kwenye mkeka, adhuhuri, umelala kama watoto wa watu. Mama yako akashuka taratibu asikuamshe. Tukakaa chini tunakutazama mpaka ukaamka mwenyewe.

Umekua chini ya sakafu ile. Umesoma skuli, asubuhi tu, walimu wakikuruhusu uondoke jua likipanda, na ukirudi unaingia chumbani unafunga mbao za dirisha. Ukawa wewe ndiye mwenye chumba cha ubaridi, na Bi Rukia, aliyekuwa akikupokea chini, akawa yeye ndiye anayepanda ngazi kwa fimbo yake, kuja kukaa kwako mchana, umsomee gazeti kwa kuwa macho yamepungua. Nilikuwa nikiwasikia mnabishana. Nilikuwa nikisema moyoni, yamepita.

Na muda wote huo maji yangu yalikuwa pale. Chokaa ile mbichi haikukauka kamwe. Povu juu yake, nailoni juu ya povu, saruji juu ya nailoni. Unyevu haukuweza kupanda ukashuka, ukaingia kwenye boriti, ukatambaa mpaka vichwani ukutani. Zikaoza pole pole zikiwa zimebeba uzito nilioziongezea. Vumbi jeupe lilipoanza kudondoka kitandani kwako mwaka jana, nilijua. Nikajiambia ni chokaa ya zamani tu. Nikaweka nguzo mbili za mbao ukutani, nikakwambia ni za kutundikia nguo.

Yaliyotokea Masika haya wewe unayajua kuliko mimi, ulikuwemo. Mimi nilikuwa Mwanakwerekwe natafuta misumari. Mama yako anasema ulikuwa unasoma, ukasikia mlio kama mtu anavunja muwa, ukainua kichwa. Bi Rukia hakuinua kichwa. Alikusukuma mlangoni kwa fimbo yake kwa nguvu ambazo hakuna aliyejua anazo. Boriti ilimpata nyongani. Uliiinua peke yako, ukambeba, ukamshusha ngazi zote zile juani mpaka barabarani, nawe ukaangukia pale pale naye. Niliporudi niliwakuta watu wawili wanamwagiwa maji, sikujua nianze na nani.

Sasa wenye kusimamia majengo wamekuja wametazama. Ukuta wa upande wa bahari umepasuka kutoka juu hadi chini. Wamesema uzito wa paa uondolewe kwanza usije ukaburuta ukuta wote juu ya watu wa njiani, na nyumba ihamwe. Sisi tunakwenda Mwanakwerekwe, vyumba viwili chini ya mabati, pamoja na Bi Rukia atakaporuhusiwa hospitali; hawezi kusimama, na mama yako ndiye wa kumgeuza na kumlisha. Wewe chini ya mabati hutafika mwisho wa Kaskazi. Nimetembea mji huu nikigonga milango, Idrisa. Nimeomba chumba cha chini, hata ghala, hata chini ya ngazi za mtu. Nimeomba kwa watu niliowajengea. Wengine walinambia njoo kesho, na nilikwenda kesho. Mjomba wako akapiga simu kutoka Njombe, akasema huko asubuhi watu wanavaa makoti. Mama yako alipolisikia hilo neno, makoti, alikaa chini.

Sasa nakujibu.

Umesikia watu wanasema nyumba nzima imekwenda kwa ajili ya mtoto mmoja. Nimewasikia na mimi, misibani, kahawani. Nyumba haikuanguka kwa ajili yako. Imeanguka kwa sababu nilifunga maji ndani, na kwa sababu nilimwambia mama mtu mzima nimeangalia nisichokiangalia. Haraka ilikuwa yangu. Wewe ulikuwa mtoto umelala.

Nilikwenda kwa Bi Rukia hospitali wiki iliyopita, peke yangu, kumwambia. Alikuwa amegeukia ukutani. Nikamwambia habari ya vichwa vya boriti.

"Ulinidanganya," akasema.

"Naam, Bi Rukia."

"Ungenambia kweli ningekukataza. Ningekwenda serikalini kukushitaki."

"Najua."

Akavuta shuka mpaka begani. Nikadhani kalala.

"Ningekukataza, mtoto angekufa?"

"Huenda. Sijui. Nadhani angekufa."

"Basi nyamaza," akasema. "Na usije ukamwambia upuuzi. Mwambie gazeti la Ijumaa hajalimaliza."

Basi nimekwambia. Na kwa kuwa leo sitaki kukuficha kitu, nakwambia na hili: nimejiuliza mara nyingi, nikirudishwa siku ile ya degedege, mkono wako unagonga sakafu vile, na mtu akanionyesha Bi Rukia amelazwa na ukuta umepasuka, je, ningengoja paa likauke? Nataka niseme ndiyo. Siwezi kuapa. Ndiyo maana sina mawaidha ya kukupa. Mtu anayesubiri huzika mtoto, na mtu anayeharakisha huvunja nyonga ya jirani, na mimi nimekuwa wote wawili, na sijui ukweli wa katikati uko wapi. Ukiupata huko kwenye baridi, niandikie.

Mama yako anasema utarudi wakati wa Kipupwe kututembelea, hali ya hewa ikiwa nzuri. Namwitikia. Lakini nakijua Kipupwe chetu kinavyokwisha haraka, na najua nauli, na najua kijana akishazoea mahali anapoweza kutembea adhuhuri nje kama watu wengine, mchana, bila kutafuta kivuli, hakuna mwenye haki ya kumwita arudi kwenye jua. Sitakuita. Nakwambia sasa ili usije ukadhani sikukutaka. Kila siku nitataka kukuita, na sitakuita.

Watu wamenipa rai nitafute vijana wa kunisaidia kuvunja, waanze alfajiri kabla ya joto. Nimekataa. Sakafu hii niliilaza peke yangu na nitaing'oa peke yangu: saruji, wavu, nailoni, povu. Nitaanzia juu ya kitanda chako kwa kuwa ndipo palipolegea zaidi. Ila boti yenu inaondoka asubuhi, na kutoka gatini mtu anaweza kusikia nyundo ikipiga juu ya mapaa ya mji. Kwa hiyo nitarudi kutoka bandarini, nitapanda hapa juu, nitakaa na nyundo mapajani mpaka nisikie honi na nihesabu kwamba umeshavuka visiwa. Nisingependa usikie pigo hata moja.

Baba yako,
Suleiman